Apoptosisi: seli zinazopukutika na seli zinazooza

Apoptosisi ni namna mojawapo ya seli kufa. Seli husinyaa, huikata DNA yake na protini zake kwa vimeng'enya ilivyokuwa imevihifadhi, hugawanyika vipande vidogo vilivyofungwa ndani ya utando, na majirani huvimeza kabla hakijavuja kitu. Basi. Aliyesoma biolojia ya sekondari maana hiyo haimsumbui.

Kinachosumbua ni matumizi. Siku hizi kila seli iliyokufa husemwa imekufa kwa apoptosisi. Mizizi imechemshwa, maji yake yamemwagiwa seli za saratani kwenye sahani ya maabara, seli zimekufa, na tangazo linasema dawa "inaleta apoptosisi". Jiki nayo ingeziua. Kidole kimekosa damu kikaoza: apoptosisi. Hata kufunga kula kwa saa 16 kumetiwa humo, ilhali wasemao hivyo wanakusudia otofaji, yaani seli kujilia vijenzi vyake vilivyochakaa, jambo ambalo mara nyingi huisaidia seli kuendelea kuishi.

Dawa ya mkanganyiko huu imo ndani ya neno lenyewe.

Neno liliingia katika patholojia mwaka 1972, kwenye makala ya John Kerr, Andrew Wyllie na Alastair Currie katika jarida la British Journal of Cancer. Kerr, mwanapatholojia kutoka Australia, miaka ya nyuma alikuwa amewafunga panya matawi ya mshipa wa porta, ule unaopeleka damu ya utumboni kwenye ini. Palipokosa damu vibaya palikufa kama ilivyotarajiwa: mabaka ya seli zilizovimba na kupasuka. Lakini katika tishu iliyosalimika, iliyokuwa ikinywea polepole kwa wiki kadhaa, aliona kitu kingine. Seli moja hapa, nyingine kule, zikiwa zimezungukwa na wenzao wazima, zilikuwa zimegeuka vidonge vya mviringo, kiini kimesongamana na kukolea rangi, na pembeni hapana dalili yoyote kwamba mwili umeshtuka. Kwanza aliita hali hiyo nekrosisi ya kusinyaa, nekrosisi ikiwa ni kule kufa kwa kuvimba na kupasuka. Jina lilikuwa na kasoro moja kubwa: alichokiona hakikuwa nekrosisi.

Jina jipya walipendekezewa na James Cormack, profesa wa Kigiriki katika Chuo Kikuu cha Aberdeen, na makala inamshukuru kwa hilo. Apo ni kutoka, kuachana na kitu. Ptosis ni kuanguka. Kwa Kigiriki hutajwa hivyo majani yanapoachia mti au petali zinapoachia ua. Waandishi walishauri hata namna ya kulitamka: mkazo uwe kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, na p ya pili isisikike, kwa kuwa sehemu hiyo ni neno lilelile ambalo madaktari wa macho hulitumia kwa kope iliyolegea. Sisi mkazo huo ndio desturi yetu, ila tukishatia irabu ya mwisho, apoptosisi, unahamia kwenye si. Si kosa la kugombana nalo.

Mwenye Kiswahili, kwa kweli, hakuwa na haja ya kwenda Ugiriki. Tunalo kupukutika.

Tazama mti wa mkungu wakati wa kupukutisha. Jani halifi juu ya mti kisha upepo ukalichukua. Kwanza mti unarudisha mbolea yake: nitrojeni na fosforasi zinaondolewa kwenye jani na kupelekwa kwenye tawi. Rangi ya kijani inavunjwavunjwa, jani linakuwa jekundu. Kwenye shina la kikonyo kunajengeka tabaka jembamba la seli dhaifu, vimeng'enya vinayeyusha gundi inayozishikanisha, na upande wa tawi kovu linazibwa kwa gome. Ndipo jani linaanguka. Kazi yote hiyo imefanywa na kitu hai, kwa gharama ya nguvu.

Sasa livunje tawi la mkungu huohuo likiwa na majani mabichi, uliache linaning'inia. Majani yatakauka, yatajikunja, yatakuwa ya kahawia, lakini hayatapukutika. Wiki nyingi baadaye bado yameng'ang'ania, na ukilivuta moja linachanika badala ya kuachia kwenye kikonyo. Tawi lilikufa kabla ya kujenga lile tabaka. Majani yote mawili yamekufa, hakuna abishaye. Moja tu ndilo lililopukutika.

Tofauti ya apoptosisi na nekrosisi ni hiyo hiyo. Nekros ni maiti. Katika nekrosisi seli hupigwa na jambo linaloizidi: damu imekatika, joto kali, sumu nyingi. ATP, fedha taslimu ya seli, inakwisha. Pampu za utando zinasimama, sodiamu na maji vinaingia, seli inavimba, utando unapasuka, na yaliyokuwa ndani yanamwagika kwa majirani. Mwili unasikia umwagikaji huo na kujibu kwa joto, wekundu, uvimbe na maumivu, na askari wake wanakuja kwa wingi. Ndiyo sababu nekrosisi mara nyingi hushika eneo zima, pande kwa pande.

Apoptosisi huhitaji ATP mpaka karibu na mwisho. Katika njia moja kuu, mitokondria hutoboka na kuachia saitokromu c. Hii huungana na protini iitwayo Apaf-1, zikajipanga kama gurudumu la matindi saba, na gurudumu hilo huamsha kaspasi-9, ambayo nayo huamsha kaspasi-3. Kaspasi ni mikasi yenye adabu: hukata protini baada ya asidi amino moja maalumu, aspateti, si popote tu. Mojawapo ya vinavyokatwa ni kizuizi cha kimeng'enya kinachokata DNA, na kimeng'enya hicho kikiwa huru hukata katikati ya fundo na fundo la kromatini (DNA ilivyojizungusha kwenye protini zake), kila jozi za besi 180 hadi 200 hivi. Ukiviendesha vipande hivyo kwenye jeli unapata ngazi yenye vidato vilivyopangika. DNA ya seli iliyooza hutoa ukungu mrefu usio na vidato.

Wakati huohuo utando unageuza ishara yake. Fosfatidilserini, mafuta ambayo kwa kawaida hukaa upande wa ndani, hujitokeza nje, na makrofeji, seli za kinga zinazomeza mabaki, huisoma kama tangazo la "nileni". Hula haraka kiasi kwamba ukitazama kipande cha tishu kwenye hadubini unaweza kuona seli chache tu za namna hiyo, ilhali zilizokwisha ondoka ni nyingi mno. Anayehesabu maiti zilizobaki kwenye slaidi na kusema "ni kidogo" amehesabu waliochelewa kuzikwa.

Hapa lazima nikiri udhaifu wa neno letu. Magazeti yamezoea kuandika kwamba watu wamepukutika kwa kipindupindu, yaani wamekufa kwa wingi na kwa mkupuo. Maana hiyo ipo na haifutiki, ila ndiyo isiyofaa hapa. Apoptosisi huchagua seli moja na kuacha ya jirani. Tunapolichukua neno kwa ajili ya seli tulichukulie mtini, si kwenye kichwa cha habari.

"Seli kujiua" ni msemo mwingine wa kupunguza. Unasaidia darasani kwa dakika tano, baadaye unapotosha, kwa sababu mara nyingi amri hutoka nje. Seli T muuaji ikikutana na seli yenye virusi huitoboa na kuitia kimeng'enya kiitwacho granzaimu B, na granzaimu hiyo huamsha kaspasi za mwathirika mwenyewe. Seli hiyo imejiua au imeuawa? Swali halina maana, na kifo ni apoptosisi vilevile. Mnyoo C. elegans, wale wenye jinsia zote mbili, hutengeneza seli za mwili 1,090 katika ukuaji wake. 131 hufa na 959 hubaki, na ni zilezile katika kila mnyoo. Kazi hiyo ndiyo iliyowapa Sydney Brenner, Robert Horvitz na John Sulston tuzo ya Nobel mwaka 2002. Ukisema seli 131 zimekata tamaa ya maisha kwa zamu, katika kila mnyoo, utachekwa.

"Kifo kilichopangwa" kina afadhali, ila nacho si kisawe. Nekroptosisi imepangwa, ina vimeng'enya vyake na hatua zake, lakini inaishia kwa seli kupasuka na kumwaga. Piroptosisi vilevile, na hiyo huwasha moto makusudi, ndiyo maana ikapewa jina la Kigiriki la moto. Feroptosisi inatokana na chuma na mafuta ya utando yaliyoungua kwa oksijeni. Waliounda majina haya walikata mkia wa neno la Cormack wakaubandika popote, hata nekroptosisi sasa ni maiti na kupukutika ndani ya neno moja, vitu ambavyo mwaka 1972 vilitenganishwa kwa makusudi. Limeshakubalika; hakuna wa kulirudisha. Walau lituzuie kusema kwamba kila kifo chenye utaratibu ni apoptosisi.

Jingine linalosemwa kwa wepesi ni kwamba apoptosisi ikionekana ndani ya saratani, saratani inashindwa. Limfoma ya Burkitt, ambayo Denis Burkitt aliieleza mwaka 1958 kutokana na watoto aliowatibu Kampala, inakanusha hilo kwa macho. Chini ya hadubini wanapatholojia huiita anga lenye nyota: anga ni seli za saratani zilizobanana, zenye rangi nzito, nyota ni makrofeji weupe waliotapakaa katikati, matumbo yamejaa vipande vya seli zilizopukutika. Apoptosisi ni nyingi sana humo, na uvimbe huo ni miongoni mwa zile zinazokua kwa kasi kuliko zote kwa binadamu, kwa kuwa jeni ileile, MYC, inayosukuma seli kugawanyika husukuma pia kufa. Kinachoamua ni hesabu ya wanaozaliwa na wanaoondoka.

Basi ni lini mtu aandike neno hili bila wasiwasi? Kipimo cha MTT peke yake hakitoshi, ingawa wengi hukitumia kulithibitishia. MTT ni unga wa njano unaogeuzwa zambarau na seli zenye uhai wa kikemia. Zambarau ikipungua, seli huenda zimekufa, au zimeacha kugawanyika, au zimelegea tu. Namna ya kufa haimo kwenye rangi hiyo.

Kipimo cha kawaida cha hatua ya pili ni aneksini V pamoja na propidiamu ayodaidi. Aneksini hunasa fosfatidilserini iliyojitokeza. Propidiamu hupaka DNA, lakini haiwezi kupita utando mzima. Seli kama 100,000 huwekwa kwenye maikrolita 100 za bafa yenye kalsiamu ya milimola 2.5, hutiwa rangi zote mbili, huachwa gizani dakika 15 katika joto la chumba, na husomwa kwenye mashine ndani ya saa moja. Yenye aneksini pekee kwa kawaida inapukutika. Yenye rangi zote mbili haisemi kitu cha uhakika: huenda ilipukutika ikakosa wa kuimeza, maana kwenye sahani hakuna makrofeji, hatimaye ikapasuka, au ilioza tangu mwanzo. Kwa hiyo huwezi kupima saa 24 tu. Pima saa ya 2, ya 4, ya 8, uone kama aneksini ilitangulia.

Makosa yanajirudia. Wapo wanaomwaga maji ya sahani kabla ya kukusanya seli, na kumbe zilizokufa ndizo zilizoachia na kuelea. Wamezitupa kwenye sinki. Wapo wanaobandua seli kwa tripsini yenye EDTA bila kuisuuza vizuri, na EDTA inanyakua kalsiamu ambayo bila hiyo aneksini haishiki. Wapo wanaokwangua kwa nguvu, wakachana utando wenyewe kisha wakailaumu dawa. Pia kiwango: dozi ndogo ya sumu inaweza kuleta apoptosisi, na dozi kubwa ya sumu hiyohiyo ikamaliza ATP na kuleta nekrosisi. Matokeo yasiyotaja kiwango na saa hayajataja kifo gani.

Juu ya aneksini ongeza dalili moja ya ndani: kaspasi-3 iliyokatwa, au jaribio la kuzizuia kaspasi na kuona kama seli zinapona. Vikikubaliana, andika apoptosisi kwa herufi kubwa ukitaka. Ukiwa na MTT tu, sentensi "seli zilikufa, namna ya kufa haikupimwa" ni sahihi, na msomaji anayeijua kazi ataiheshimu zaidi.