Korongo la mto katika nchi kavu: maana yake na jinsi linavyotokea

Korongo ni bonde jembamba lenye kuta za mwamba zilizosimama wima au karibu wima, lililochimbwa na mto uliokata kwenda chini upesi kuliko kuta zake zilivyoweza kumomonyoka. Maelezo hayo yanamtosha mwanafunzi anayejibu mtihani. Hayamtoshi mtu aliyesimama ndani ya korongo la Ol Njorowa, kule Hell's Gate kusini mwa Ziwa Naivasha, Kenya, mwezi wa Januari, jua likiwa utosini, mchanga mkavu chini ya viatu, na kuta zimepanda pande zote mbili hadi anga imebaki ukanda mwembamba. Mtu huyo huuliza swali moja, nalo ni swali zuri sana: maji yaliyoifanya kazi hii yote yako wapi?

Mara nyingi maji hayo hayakunyesha pale. Korongo la nchi kavu huchimbwa na maji ya ugenini: theluji iliyoyeyuka mbali, mvua ya mlima fulani, au ziwa lililojaa likafurika. Ukilishika jambo hilo moja utaelewa kwa nini kuta zimebaki wima, kwa nini watu husombwa na maji siku ambayo hapo walipo hapajanyesha, na kwa nini mahali pakavu namna hiyo hujengwa mabwawa makubwa ya umeme.

Tuanze na kuta. Nenda Nandi au Kakamega uangalie mito. Nayo imechimba mabonde, lakini kando zake ni miteremko ya kulima chai na migomba. Mvua inayonyesha juu ya bonde lote huozesha mwamba ukawa udongo, udongo huteleza, mizizi hupasua mawe, na bonde hupanuka kadiri linavyozidi kuwa refu kwenda chini. Katika nchi kavu kazi hiyo ya pembeni huenda polepole mno. Mto unaopita hukata sakafu yake, lakini kuta hazipati mvua ya kutosha kuzilainisha, kwa hiyo husimama. Ndiyo kusema korongo linataka hali mbili zinazopingana, maji mengi chini na maji machache juu, na hali hizo hukutana tu pale mto unapoletwa na nchi nyingine. Tena ni lazima pawe na mteremko, ama kwa sababu ardhi iliinuka au kwa sababu mto unashuka kutoka nyanda za juu. Na maji matupu hayakati mwamba. Kinachokata ni mchanga, changarawe na mawe yanayoburutwa na maji, ambayo husugua sakafu ya mto kama msasa wa seremala.

Mfano unaojulikana zaidi duniani ni Grand Canyon, katika jimbo la Arizona, Marekani. Lina urefu wa kilomita 446 ukifuata mto, upana unaofika kilomita 29, na kina kinachozidi kilomita moja na nusu. Mto Colorado uliolichimba hupata sehemu kubwa ya maji yake kutokana na theluji ya milima ya Rocky, mamia ya kilomita kutoka hapo, kisha hukatiza jangwa. Hapa watu wengi huchanganya umri wa mwamba na umri wa korongo. Miamba ya chini kabisa ya Grand Canyon ina karibu miaka bilioni 1.8, lakini mto ulianza kulichimba korongo lenyewe kama lilivyo leo yapata miaka milioni tano au sita iliyopita. Mwamba ulikuwepo muda mrefu sana kabla mto haujafika kuukata.

Kwetu magharibi mwa Kenya tuna mto wa aina hiyohiyo, na nadhani tungeufundisha watoto kabla ya Colorado. Suam huanza ndani ya kasoko ya Mlima Elgon, hutoka kwenye kasoko hiyo kupitia ufa wenye kuta ndefu na chemchemi za maji moto, kisha hufuata mpaka wa Kenya na Uganda. Mvua inayoulisha ni ileile inayokuza mahindi ya Trans Nzoia. Ukishuka kuelekea kaskazini, nchi inazidi kuwa kavu, mto unaitwa Turkwel, na katika Pokot Magharibi unapita kwenye korongo jembamba kabla ya kutokea tambarare za Turkana na hatimaye ziwani. Mbuzi wa Mturkana hunywa maji ambayo baadhi yake yalinyesha juu ya Elgon.

Ol Njorowa lina historia nyingine, na kwangu ndiyo inayovutia kuliko zote, kwa sababu mto uliolichimba haupo tena. Zamani, tangu takriban miaka 12,000 hadi miaka 5,000 hivi iliyopita, Afrika Mashariki ilipata mvua nyingi kuliko sasa. Hata Sahara wakati huo ilikuwa na nyasi na maziwa. Nakuru na Elmenteita zilikuwa ziwa moja, na kilima cha Hyrax Hill, ambacho leo kiko kando ya barabara ya Nairobi ukitoka mjini Nakuru, kilikuwa kimezungukwa na maji pande nyingi. Naivasha nayo, ikilishwa na mito Malewa na Gilgil kutoka nyanda za juu, ilipanda mita nyingi juu ya ilipo sasa hadi ikapata mahali pa chini upande wa kusini, ikamwagika. Maji hayo yalikutana na tabaka za majivu ya volkano, mawe mapovu na lava. Majivu hukatika upesi, kwa hiyo korongo hili halikuhitaji mamilioni ya miaka. Mvua zilipopungua ziwa likashuka, mlango ukabaki juu mkavu, na mto ukafa. Unapotembea mle ndani unatembea katika njia ya kutokea ya ziwa.

Lakini kufa kwa mto hakumaanishi kwamba maji hayaji. Ardhi ya nchi kavu haina mimea ya kutosha kuyashika maji, na jua limeifanya ngumu. Mvua kubwa ikinyesha juu ya vilima, maji hayazami. Hutiririka, vijito vyote vikaungana, kisha vyote vikaingia katika mlango mmoja mwembamba. Maji ambayo yangetambaa uwandani yakiwa ya kufika kwenye vifundo vya miguu, yakibanwa kati ya kuta mbili hupanda juu ya kichwa cha mtu kwa dakika chache. Aprili 2012 vijana wa kikundi cha kanisa walisombwa Ol Njorowa, saba wakafa. Septemba 2019 mafuriko ya ghafla yaliwachukua watu saba wengine, na korongo likafungwa kwa muda. Arizona nako, Agosti 1997, watalii 11 walikufa katika Antelope Canyon kutokana na dhoruba iliyokuwa mbali juu ya mkondo, huku pale walipokuwa hakujanyesha mvua ya kumtisha mtu. Kwa hiyo anayeingia korongoni asiangalie tu anga iliyo juu ya kichwa chake. Aangalie milima na vilima vinakotoka maji, na akiona wingu zito limekaa huko, atoke. Akiona maji ya chini yamebadilika rangi ghafla au yanaleta vijiti na majani, asisubiri kuaga wala kupiga picha, apande juu.

Pamoja na hatari hiyo, makorongo yamekuwa makao na njia za watu tangu kale. Sababu yake ni kwamba korongo huikata ardhi na kuyaanika yaliyofichika: chemchemi, kivuli, mawe ya kazi. Katika eneo la Naivasha kuna obsidiani, kioo cheusi cha volkano ambacho kikivunjwa hutoa makali kupita kisu. Watu wa kale waliichonga kuwa visu na ncha za mishale, na vipande vyake vimepatikana mamia ya kilomita kutoka hapa, hata Tanzania. Baadaye Wamaasai walichunga katika nchi hii na kuchukua udongo mwekundu wa kujipaka kutoka Olkaria, jirani na Hell's Gate. Kuhusu lile jiwe refu lililo mlangoni mwa Hell's Gate, husimulia kwamba ni binti aliyekuwa akiondoka kwenda kuolewa, akakatazwa kugeuka nyuma, naye akageuka. Ramani zinaliita Fischer's Tower, kwa jina la Mjerumani Gustav Fischer aliyefika huku mwaka 1883. Hadithi ya binti ndiyo ninayoipenda zaidi, na ndiyo inayostahili kutangulia.

Marekani mambo yalikwenda vivyo hivyo. Mwaka 1869 John Wesley Powell, askari aliyepoteza mkono mmoja vitani, aliteremka mto Colorado na watu tisa katika mashua nne. Mmoja alijitoa mapema, watatu waliachana na wenzao karibu na mwisho wa safari wasionekane tena, na sita tu, Powell akiwamo, walitokea upande wa pili. Safari hiyo husimuliwa kama kuligundua korongo. Wahavasupai, Wahualapai, Wapaiute, Wahopi na Wanavajo walikuwa wakilijua tangu zamani, na mapangoni humo kumepatikana sanamu ndogo za wanyama zilizosukwa kwa vijiti, nyingine zenye umri wa miaka elfu tatu au nne. Mwaka 1882 Wahavasupai walinyang'anywa karibu ardhi yao yote, wakabakiziwa ekari 518 chini ya korongo. Mwaka 1919 Grand Canyon ikawa hifadhi ya taifa. Walirudishiwa ekari zipatazo 185,000 mwaka 1975 tu. Hell's Gate ilifanywa hifadhi mwaka 1984, na mwaka 2014 familia za Kimaasai zilihamishwa kutoka Olkaria hadi RAPland, makazi mapya waliyojengewa, ili kupisha umeme wa mvuke, malalamiko yao yakafika Benki ya Dunia. Mimi naona historia ya korongo lolote haijakamilika kama haikueleza nani alikuwa akiishi pale na alipelekwa wapi.

Halafu kuna mabwawa. Kuta nyembamba za mwamba mgumu na maji yanayoshuka kwa nguvu ndivyo mhandisi anavyovitafuta, kwa sababu ukuta mfupi kutoka ukingo hadi ukingo unaziba maji mengi. Bwawa la Turkwel lilikamilika mwaka 1991 likiwa na kimo cha mita 153, na mitambo yake ina uwezo wa megawati 106. Umeme wake hupita katika nyaya za kilovolti 220 hadi Lessos, Nandi, na kuingia kwenye gridi inayowasha taa za Eldoret na Kisumu. Lakini mto unaozibwa hauachi maji peke yake nyuma ya ukuta. Huacha na tope, na huacha na mafuriko yake. Kwenye Colorado, bwawa la Glen Canyon lilipoanza kuzuia maji mwaka 1963, mto uliokuwa mwekundu kwa tope ulitoka chini ya ukuta ukiwa baridi na wa kijani, fukwe za mchanga ndani ya Grand Canyon zikaanza kuliwa, na samaki wa asili wakapata shida. Tangu 1996 maji mengi hufunguliwa makusudi mara kwa mara ili kuurudisha mchanga kingoni. Kwenye Turkwel, jamii za Waturkana zina haki za kifamilia juu ya miti ya kando ya mto, haki wanazoziita ekwar, kwa ajili ya maganda ya migunga ambayo mifugo hula wakati wa kiangazi. Miti hiyo na mashamba ya mtama huishi kwa mto kufurika. Swali la lini maji yafunguliwe, na kiasi gani, ni lao pia.

Narudi kwa lile swali la maji ya Ol Njorowa, kwa sababu lina jibu la pili. Ziwa Naivasha halina mto unaotoka juu ya ardhi, lakini maji yake ni baridi na hayana chumvi, ilhali Nakuru na Elmenteita ni za magadi. Ziwa lisilo na mahali pa kutokea hukusanya chumvi, maji yakikauka juani na chumvi ikibaki. Naivasha hainywi sumu hiyo kwa kuwa sehemu ya maji yake hupenya chini ya ardhi, na baadhi huelekea kusini, upande uleule lilikokuwa likimwagikia zamani. Huko hukutana na mwamba wenye joto la volkano. Kituo cha kwanza cha umeme cha Olkaria kilianza mwaka 1981 kwa megawati 15, na wataalamu waliopima maji na mvuke wa eneo hilo wamekuta ndani yake alama za maji ya ziwa.