Shati la Kapteni Kirk lilikuwa la kijani

Watayarishaji wa tamthilia hunijia na picha kwenye simu na agizo moja: "Nataka rangi hii hii." Nikiuliza ipi, ya kitambaa au ya kwenye skrini, naonekana mtu wa kuchelewesha kazi. Wanaamini kamera inaona kile kinachoonwa na jicho. Haioni. Kwa kuwa maelezo yangu hayaingii, siku hizi namtaja William Ware Theiss, Mmarekani aliyebuni mavazi ya Star Trek, tamthilia ya runinga ya Marekani kuhusu safari za anga za juu, tangu 1966 hadi 1969. Mashabiki wa wahusika wake wakuu, Kirk na Spock, wamejaa dunia nzima, lakini aliyewavisha hawamjui.

Ukimwuliza yeyote kati yao shati la Kirk lilikuwa rangi gani, atakujibu dhahabu. Mashati ya mashabiki yanashonwa ya dhahabu, na filamu ya 2009 ikamvika Kirk dhahabu pia. Theiss mwenyewe alieleza baadaye katika mahojiano kwamba mashati yale yalikuwa ya kijani. Kitambaa kilikuwa cha jamii ya mahameli, chenye manyoya mafupi yanayonasa mwanga, na kijani chake kilikuwa kile kinachoegemea njano, kama nyama ya parachichi. Chini ya taa kali za studio, kwa filamu waliyokuwa wakitumia, kijani kile kiligeuka dhahabu. Ushahidi upo kwenye kipindi chenyewe: Kirk alikuwa na vazi jingine la kufunga kiunoni, la kitambaa tofauti, na hilo lilitoka kijani. Cheo kilekile, mtu yuleyule, ila kitambaa kimebadilika na rangi ikabadilika nacho.

Sasa mteja anachagua kitambaa Kariakoo, chini ya taa ya dukani, ananiambia nikate. Sikati. Kwanza nataka kipande cha upana wa kiganja mbele ya kamera itakayotumika, chini ya taa zitakazotumika, kikiwa kimeshikwa karibu na uso wa mwigizaji atakayekivaa, kwa sababu kitambaa huakisi rangi yake kwenye kidevu na shingo. Picha ya simu usiniletee: simu hujirekebishia rangi bila kukuuliza. Na mistari myembamba iliyobanana iache dukani, kwenye skrini itacheza kama maji yanayochemka.

Dhana ya pili: kitambaa kikipendeza kwenye kamera, kazi imekwisha. Mahameli yale yalipendeza, lakini yalikuwa yanarudi kila yalipofuliwa, mashati yakazidi kupanda tumboni. Katika msimu wa tatu wakahamia nailoni. Fua kitambaa kabla ya kukikata, jamani, hata kama muuzaji ameapa.

Ya tatu hunijia zaidi kutoka kwa waongozaji: vazi la kike likivutia, ni kwa sababu limeonyesha ngozi nyingi. Theiss alikuwa na kanuni yake, kwamba vazi huvutia kadiri linavyoonekana kama litaanguka sasa hivi. Tazama gauni la waridi alilovaa mwigizaji Leslie Parrish kwenye Star Trek mwaka 1967: sehemu ya kifuani ilishikiliwa na uzito wa kitambaa kilichopitishwa begani na kuning'inia mgongoni. Hiyo ni hesabu ya uzito, na fundi asiyeijua hawezi kuifidia kwa kupunguza kitambaa.

Halafu kuna wanaosema mbunifu wa runinga ni yule aliyeshindwa sinema. Theiss aliteuliwa kuwania Oscar mara tatu: Bound for Glory ya 1976, Butch and Sundance: The Early Days ya 1979, na Heart Like a Wheel ya 1983. Hakuna hata moja ya anga za juu. Moja ni ya mwanamuziki wa enzi ya mdororo mkuu wa uchumi wa miaka ya 1930, moja ya majambazi wa magharibi mwa Marekani, moja ya mwanamke wa mbio za magari.

Emmy, tuzo ya runinga ya Marekani, aliipata 1988 kwa Star Trek: The Next Generation, tamthilia iliyofuata ile ya kwanza, miaka minne kabla ya kufariki. Kipindi kilichompa tuzo kinaitwa "The Big Goodbye", na wahusika wake wanaingia San Francisco ya 1941 wakiwa na suti na kofia za wakati huo. Wateja wanaotaka "kitu cha Star Trek" huwa nawaonyesha hicho kwanza. Wengi hudhani nimekosea faili.