Kutokwa na damu kwa mama mjamzito na aliyejifungua: usimsubiri mtu

Nafanya kazi ya ukunga katika kituo cha afya hapa mkoani Kigoma. Maswali haya ndiyo mnayoniuliza kliniki, sokoni na kwenye simu usiku. Mengine nimeyajibu kwa ufupi kwa sababu hayana mengi. Lipo jibu moja mtakalolikuta linajirudia, na nimelirudia makusudi, maana wanawake bado wanaletwa kwetu wakiwa wamechelewa kwa sababu ileile.

Nesi, damu ikifika kiasi gani ndiyo inahesabika kuwa nyingi?

Kitaalamu ni nusu lita au zaidi ndani ya saa 24 baada ya mtoto kutoka. Mwaka 2025 Shirika la Afya Duniani lilituelekeza tuanze kuchukua hatua hata kwenye mililita 300, ikiwa mapigo ya moyo au presha ya mama vimeshaanza kubadilika.

Nyumbani hakuna anayepima mililita, kwa hiyo angalia kitambaa na umwangalie mama mwenyewe. Akiwa ndiyo kwanza amejifungua na damu inatiririka bila kukata, ni dharura. Siku zinazofuata, pedi au kitambaa kikilowa chepechepe ndani ya saa moja, ni dharura. Yakitoka mabonge makubwa, ni dharura. Mama akisema anaona giza, ana kiu kali, anatoka jasho la baridi au moyo unamwenda mbio, usihesabu tena vitambaa. Ondokeni.

Kwa nini inatoka kwa wingi namna hiyo?

Mimba ikikomaa, zaidi ya nusu lita ya damu inapita kwenye mfuko wa uzazi kila dakika. Kondo la nyuma likishatoka, misuli ya mfuko inatakiwa isinyae na kuibana mishipa. Isiposinyaa, mishipa inabaki wazi. Hiyo ndiyo sababu tunayokutana nayo mara nyingi zaidi. Nyingine ni mabaki ya kondo na michubuko ya njia ya uzazi. Zilizo adimu waachieni madaktari.

Mama anayetoka damu namna hiyo asipotibiwa anaweza kufariki ndani ya saa mbili. Aliyekuwa mzima saa moja usiku, saa tatu tunaweza kuwa tumempoteza.

Lakini mama mkwe anasema ile ni damu chafu, lazima itoke yote.

Hakuna damu chafu. Naomba msome tena: hakuna damu chafu. Ile inayolowanisha kitenge ndiyo hiyohiyo inayopeleka hewa kwenye ubongo na moyo. Mwanamke hana akiba ya damu ya kumwaga na nyingine ya kuishi nayo.

Ni kweli kuna damu ya uzazi ya kawaida. Siku za mwanzo inakuwa kama ya hedhi nzito, kisha inapungua, inakuwa ya kahawia, halafu ya majimaji, na ndani ya wiki chache inakata. Neno la kushika hapo ni *inapungua*. Ikiongezeka, au ikikata halafu ikarudi kwa nguvu, au ikaja na harufu mbaya na homa, huenda kuna mabaki ndani au maambukizi.

Mwanamke analetwa amefungwa vitenge viwili, kimoja juu ya kingine, cha ndani kimelowa mpaka kimekuwa kizito mkononi. Ukifunua kope lake la chini ni jeupe. Bibi aliyemsindikiza anakwambia kwa utulivu kabisa kwamba uchafu umetoka vizuri tangu asubuhi. Simlaumu bibi kwa nia yake, nia yake ni njema. Naililia ile asubuhi, maana asubuhi kazi ingekuwa sindano na dripu. Jioni inakuwa kutafuta damu ya kumwongezea na kukimbizana na Maweni, hospitali ya rufaa ya mkoa.

Na kukandwa kwa maji ya moto?

Acheni. Najua ni mila na najua ni upendo, binti anakandwa na mama yake mzazi. Lakini maji ya moto hayazuii damu, yanaunguza ngozi ya tumbo, na mwenye kidonda cha operesheni anaumia zaidi. Ubaya mkubwa kuliko yote ni kwamba kukandwa kunakula muda. Damu inazidi, anakandwa asubuhi, anakandwa jioni, na kila mtu nyumbani anaamini mgonjwa anatibiwa.

Mnataka kumsaidia mama mzazi? Mpeni chakula cha kutosha, mfulieni, mbebeeni maji, aoge ya uvuguvugu, apumzike.

Mume wangu yuko ziwani na simu haipatikani. Nimsubiri?

Usimsubiri.

Ninaowaandikia hasa ni ninyi wa mwambao, Kagunga, Mwamgongo, na kule kusini Buhingu na Kalya. Siku za giza, mwezi usipoonekana, wanaume wako kwenye dagaa usiku kucha, wengine wako kambini kwa wiki kadhaa. Mwanamke anaanza kutoka damu saa mbili usiku, wanakaa kikao, wanasema tungoje baba watoto arudi alfajiri. Alfajiri ni mbali mno kwa mtu anayevuja damu.

Kama hajaacha pesa?

Usimsubiri. Kwa sera ya nchi hii, huduma za uzazi kwenye vituo vya serikali hazilipiwi. Huna kifurushi cha kujifungulia, huna kanga mpya, huna hata shilingi? Njoo hivyohivyo.

Kama ni usiku na mvua inanyesha?

Usisubiri kukuche. Piga simu kwanza, kuhusu simu nitaeleza chini.

Mume yupo, ila amekataa. Au mama mkwe amesema nizalie hapahapa kama yeye alivyozaa.

Mwanamke mtu mzima mwenye akili timamu anaamua matibabu yake mwenyewe. Hata operesheni ya dharura, saini yako inatosha. Haya si maneno yangu. Nchi yetu iliridhia Itifaki ya Maputo, iliyopitishwa na Umoja wa Afrika mwaka 2003, na ibara yake ya 14 inahusu haki ya mwanamke kwenye afya ya uzazi. Miaka 8 kabla yake dunia ilikutana Beijing kwa mkutano wa wanawake, na katibu mkuu wa mkutano ule alikuwa Mtanzania, Mama Gertrude Mongella. Binti wa nchi hiyohiyo haifai afie kwenye mkeka kwa kukosa mtu wa kumwambia nenda.

Najua kusema ni rahisi kuliko kutenda ukiwa umelala huna nguvu na wakubwa wamekuzunguka. Ndiyo maana haya maneno myaseme mapema, mimba ikiwa bado changa, mkiwa mmekaa wote. Njoo kliniki na mumeo, au na mama mkwe. Nitawaeleza mimi, wewe ukae kimya kama unaona aibu. Na majirani, mkisikia mwanamke anatoka damu nyumba ya pili, kugonga mlango si umbea.

Kwani sindano ya hospitali ina nini ambacho mkunga wa jadi hana?

Ina oksitosini. Tunakuchoma uniti 10 mara tu mtoto anapotoka, ili mfuko wa uzazi usinyae. Dawa hiyo inatunzwa kwenye jokofu, haikai kwenye mkoba wa bibi. Damu ikiendelea tunakanda mfuko, tunaongeza dawa, tunaweka dripu, tunatafuta chanzo chake. Utafiti uliotangazwa mwaka 2023 kutoka hospitali za Kenya, Nigeria, Afrika Kusini na Tanzania ulionyesha kwamba damu ikipimwa mapema na hatua hizi zikifanywa kwa pamoja, madhara makubwa yanapungua kwa asilimia 60.

Ipo pia dawa ya kusaidia damu kuganda, asidi ya traneksamiki. Inatakiwa itolewe ndani ya saa 3 tangu damu ianze, na kila dakika 15 za kuchelewa zinapunguza faida yake kwa karibu asilimia 10. Hesabuni wenyewe: mkikaa kikao saa nzima, mmeshaila zaidi ya theluthi ya faida ya dawa.

Na mkishajifungulia kwetu, kaeni saa 24. Kila wiki kuna anayetoroka baada ya saa chache kwa sababu wageni wanamsubiri nyumbani. Wageni watamkuta mtoto palepale kesho.

Naomba usafiri vipi?

Piga 115. Ni bure, ni ya mfumo wa m-mama, kwa dharura za wajawazito, waliojifungua na watoto wachanga. Wanatuma gari la wagonjwa, na lisipokuwa karibu wanamtafuta dereva wa jamii aliyesajiliwa. Dereva analipwa na mfumo, wewe hulipi. Mtandao ukisumbua, mtafuteni mhudumu wa afya ngazi ya jamii wa kitongoji chenu, au mtendaji. Mwambao, mwenye boti ya injini ajulikane kwa jina kabla mimba haijafika mwezi wa tisa, na mafuta yawe yamewekwa.

Tukiwa njiani tufanye nini?

Mama alale chali, miguu iinuliwe, afunikwe apate joto. Akojoe kama anaweza, kibofu kikijaa kinauzuia mfuko kusinyaa. Mtoto awekwe titi. Weka kiganja chini kidogo ya kitovu, sugua kwa nguvu kwa kuzungusha mpaka uhisi tumbo limekuwa gumu, likilegea sugua tena. Kondo likikaa zaidi ya nusu saa bila kutoka, msivute kamba ya kitovu. Msiingize mkono, wala kitambaa, wala dawa yoyote ya mizizi.

Mimi ni mjamzito wa miezi minane, nimeona damu kidogo, haiumi. Ni lazima nije?

Ni lazima, leo. Kondo likikaa kwenye mlango wa mfuko wa uzazi damu inakuja bila maumivu, na hiyo ya kwanza kidogo mara nyingi inatangulia nyingi. Usimruhusu mtu akupime kwa vidole nyumbani, kidole kimoja kinaweza kufungulia damu isiyozuilika. Damu yenye maumivu makali na tumbo gumu kama ubao, vilevile usikae. Ujauzito hauna damu ya kawaida.

Nikiwa na damu ya kutosha mwilini si nitahimili?

Utahimili zaidi kuliko aliyepungukiwa, hilo ni kweli. Mama mwenye wingi wa damu chini ya 11 anaanza safari akiwa na upungufu, na huku kwetu malaria inaichukua kila msimu. Kwa hiyo chandarua, dawa za SP za kuzuia malaria mnazopewa kliniki, dawa za minyoo, na vile vidonge vya kuongeza damu umeze kweli, usivifiche chini ya godoro. Usivimeze na chai, meza na maji au juisi ya limau. Rozela na tembele ni vizuri, endeleeni, ila havichukui nafasi ya vidonge. Ukijikuta unatamani ule udongo unaouzwa kwa mafungu sokoni, huenda mwili unakudai madini ya chuma. Udongo wenyewe hauna msaada. Njoo upimwe.

Hili tatizo ni letu sisi tu?

Hapana. Mwaka 2023 wanawake takriban 260,000 duniani walikufa kwa sababu za ujauzito na uzazi, zaidi ya 700 kila siku, na karibu asilimia 70 walikuwa Afrika kusini mwa Sahara. Damu ni miongoni mwa sababu zinazoongoza. Wanawake wa Ulaya nao wanatoka damu baada ya kujifungua. Wanapona kwa sababu wanawahiwa.

Hapa Tanzania utafiti wa kitaifa wa 2015/16 ulikuta vifo 556 kwa kila vizazi hai 100,000, na ule wa 2022 ukakuta 104. Lengo la dunia ni chini ya 70 ifikapo 2030. Mwaka 1994 watafiti Sereen Thaddeus na Deborah Maine walieleza ucheleweshaji wa aina tatu unaoua: kuchelewa kuamua, kuchelewa kufika, na kuchelewa kuhudumiwa baada ya kufika. Ule wa tatu ni wetu watumishi, tubaneni. Wa pili serikali inaendelea kuushughulikia kwa magari na barabara. Wa kwanza uko sebuleni kwenu, na hauhitaji bajeti.

Mimi ni mvuvi. Nikiwa kambini nifanyeje?

Asante kwa kuuliza, baba. Kabla hujashika njia, mwambie mkeo mbele ya mama yako na kwa sauti: "Ukiona damu, ondoka, usiningoje." Akishasikia mama yako, nusu ya kazi imekwisha. Acha pesa mahali anapopajua. Ongea na mwenye boti. Andika 115 kwenye karatasi uibandike mlangoni, kwa sababu simu inaweza kuwa na mtoto dukani.

Na ukirudi wakati wa mbalamwezi, uchangie damu. Mwanaume mwenye afya, wa miaka 18 hadi 65 na kilo 50 au zaidi, anaweza kuchangia kila baada ya miezi 3. Njoo umekula, umekunywa maji.