Mvua na ndege ndogo: tunayoyaamini na ukweli wenyewe

Nianze na ninayoisikia kila mara, eti ukiruka kwa VFR, yaani kwa kuangalia nje, mvua hairuhusiwi kabisa. Sio kweli. Sheria haihesabu matone, inaangalia unaona umbali gani na wingu liko mbali nawe kiasi gani: kwa kawaida chini ya futi 10,000 uone angalau kilomita 5, ukae mita 1,500 kando ya wingu na futi 1,000 juu au chini yake, ingawa anga nyingine zina masharti yake. Manyunyu yanayopita huku vilima unaviona vizuri ni halali, na siku kavu yenye ukungu inaweza kukufungia chini kabisa.

Ya pili ndo inaua watu. "Nikiingia winguni nitashikilia usukani hivohivo mpaka nitokee upande wa pili." Jamani hapana! Mwaka 1954 Chuo Kikuu cha Illinois kiliwapima watu 20 wasiojua kuruka kwa geji, yaani kwa kufuata vipimo vya ndani ya ndege tu, wakazuiwa kuona nje, na wote 20 walishindwa kuidhibiti ndege, kwa wastani wa sekunde 178, hazifiki hata dakika 3. Na sio uzembe, ni sikio. Majimaji ya sikio la ndani yanahisi mzunguko pale unapoanza au unapobadilika tu, kwahiyo ndege ikilala upande polepole unahisi uko sawa kabisa, mara unaona geji inasema unashuka unavuta usukani, na kuvuta ukiwa umelala upande kunaukaza mzunguko na unazidi kushuka. Ila watu haohao walipofundishwa kugeuza nyuzi 180 kwa geji waliweza karibu kila mara. Mi nasema geuza ukiwa bado unaona, maana kugeuza ndani ya wingu ni kujaribu kujiokoa tu.

Kingine ni hofu kwamba maji ya mvua yatazima injini. Injini ya pistoni inavumilia mvua vizuri, cha kuogopa ni barafu ndani ya kabureta, pale petroli inapochanganywa na hewa, na hii inatokea hata nje kukiwa na joto la nyuzi 20 kwasababu petroli ikigeuka mvuke inapooza hewa sana na hewa ya mvua imejaa unyevu. Dalili yake kwenye propela isiyobadilika pembe ni mizunguko ya injini kushuka taratibu bila wewe kugusa kitu. Vuta joto la kabureta lote, ule mpini unaoingiza hewa ya moto, injini itakohoa na nguvu itapungua zaidi kwa muda, hapo wengi wanashtuka wanalirudisha, usilirudishe, ndo barafu inayeyuka hiyo. Na kama ndege imelala nje kwenye mvua, toa maji kwenye matangi ya mafuta kabla ya kuwasha.

Kutua nako, maji kwenye kioo yanakudanganya kwamba uko juu kuliko ulivyo, na tairi yenye presha ya psi 30 inaweza kuelea juu ya maji yaliyotuama kuanzia kama noti 49 za mwendo (karibu kilomita 90 kwa saa), breki hapo hazina kazi.

Halafu wanaosema "nina rada kwenye tableti". Picha ile inaweza kuwa nyuma ya hali halisi kwa dakika 15 hadi 20, na ule uwazi unaouona katikati ya dhoruba mbili huenda umeshajifunga. Itumie kuzunguka kwa mbali, maili 20 au zaidi, sio kupenya.