Mhusika si Mwigizaji

Wiki iliyopita tulimzika jirani yetu katika makaburi ya Lang'ata, Nairobi, na msimamizi wa shughuli alipousoma wasifu wake alisema kwamba marehemu alikuwa "mhusika mdogo katika vipindi vya runinga". Hakuwa na nia mbaya, na waombolezaji waliitikia kwa heshima. Hata hivyo, nimeyasikia maneno hayo mara nyingi mno, redioni na katika mazungumzo ya watu waliosoma, nami naona afadhali niyaeleze.

Mwigizaji ni mtu. Mhusika ni kiumbe wa hadithi ambaye mtu huyo humvaa kwa muda. Wapo waigizaji ambao kazi yao yote ni kuwavaa watu wa pembeni mwa kisa: mlinzi wa lango, shangazi mwenye maneno, pasta, mwenye nyumba anayekuja kudai kodi. Hao si ekstra, kwa kuwa ekstra huijaza barabara au ukumbi bila kusema neno, ilhali hawa wana sura, wana maneno na wana sababu ya kuwapo. Fasili hiyo yatosha.

Lililo muhimu zaidi ni jinsi maneno haya mawili yalivyoundwa. "Mhusika" linatokana na "husu", kitenzi chenye asili ya Kiarabu, kilichotiwa kiambishi cha kuonyesha hali, kwa hiyo mhusika ni yule ambaye jambo linamgusa. Ndiyo sababu waziri akitangaza kwamba wahusika wote watachukuliwa hatua, hakuna anayedhani kwamba anawazungumzia watu wa tamthilia. Mhusika yumo ndani ya jambo, na jambo likiisha naye amekwisha. "Mwigizaji" linatokana na "iga", neno letu la Kibantu, lililonyambuliwa likawa "igiza", kisha likafungwa kwa -ji, kile kiambishi tunachokisikia katika "msomaji", "mchezaji" na "mwindaji", ambacho humtambulisha mtu kwa tendo analolifanya kwa mazoea au kwa kazi. Kwa nguvu ya -ji hiyo, mwigizaji hubaki kuwa mwigizaji hata katika miezi ambayo hakuna anayempigia simu, kama vile mwindaji anavyobaki kuwa mwindaji jioni anaporudi mikono mitupu.

Nadhani kosa lilianzia darasani. Wanafunzi wetu hufundishwa fasihi kwa ajili ya karatasi ya tatu ya mtihani wa Kiswahili, na humo huwapanga wahusika makundi makundi: mkuu, wasaidizi, wadogo, bapa, yaani wasiobadilika. Vipimo hivyo ni halali, lakini hupima nafasi ya kiumbe wa kubuni ndani ya kisa. Tukishatoka shuleni huvichukua vipimo vile vile tukawavika watu walio hai, na mtu aliyeifanya kazi yake kwa miaka mingi huitwa mdogo kwa sababu tu wale aliowaigiza hawakuwa na maneno mengi.

Wakati mwingine mchanganyiko huu huja kwa njia ya pili, mhusika akammeza mwigizaji. Kwa wengi waliotazama Vitimbi, kipindi cha vichekesho cha runinga, yule mzee aliyefariki Julai 2015 alikuwa Ojwang, jina la Kijaluo, na baadhi yao walisoma habari za msiba ndipo wakajua kwamba aliitwa Benson Wanjau, jina la Kikikuyu. Huyo alikuwa maarufu, na bado jina lake lilifunikwa. Asiye maarufu huwa hana hata jina la mhusika la kukumbukwa nalo, maana katika maandishi ya mchezo ameandikwa "Askari wa Pili".

Kazi yenyewe si ndogo hata kidogo. Jirani yetu alikuwa akiondoka nyumbani kabla ya adhana ya alfajiri, suti mbili mkononi kwa sababu mwenye nafasi fupi mara nyingi hutakiwa kuja na mavazi yake, akangoja hadi alasiri kwa ajili ya sentensi mbili, kisha akazirudia kila kamera ilipohamishwa, akiinua kikombe kwenye silabi ile ile ili picha zipate kuungana. Mwigizaji mkuu ana saa nzima ya kueleweka, bali yeye ana nusu dakika ya kutuaminisha kwamba huyo askari ametoka mahali fulani na ana watoto wanaomngoja.

Hata Marekani walikawia kulitambua hilo. Tuzo za Oscar za waigizaji wasaidizi zilianza kutolewa mwaka 1937, lakini washindi wake walipewa bamba badala ya sanamu kamili, hadi 1944. Walter Brennan, mwanamume wa kwanza kuipata, alianza kama ekstra, na hatimaye akaishinda mara tatu. Sheria yetu ya Hakimiliki ya 2001 ina uangalifu zaidi kuliko ndimi zetu, kwa sababu inapomtaja mwigizaji miongoni mwa wasanii wanaolindwa haiulizi alisema sentensi ngapi.

Kwa hiyo namwomba msimamizi yule, ambaye ninamheshimu na ambaye bila shaka ataitwa tena kusoma wasifu wa mwingine, aandike "alikuwa mwigizaji" na aweke nukta. Akiona ni lazima aongeze, aseme kwamba aliigiza wahusika wadogo, na hapo "-dogo" litakuwa limekaa kwa askari, kwa pasta na kwa mwenye nyumba.