Kifundo cha mguu kimevunjika: kuwekwa chuma, na zile herufi na tarakimu kwenye faili

Maswali haya huulizwa sana na wagonjwa wa mifupa na jamaa zao hapa Mombasa, kuanzia Likoni hadi Mtwapa. Mengine yana jibu la mstari mmoja. Mengine, hasa yale ya makaratasi, watu huyapuuza hadi siku ya kutoka wodini.

Nimeteleza kwenye ngazi, kifundo kimevimba. Nitajuaje kama nimevunjika au nimeteguka tu?

Usipime kwa uvimbe. Mteguko unaweza kuvimba kuliko mvunjiko. Madaktari wengi hutumia kipimo kilichotungwa Ottawa, Kanada, na kuchapishwa 1992. Bonyeza ncha na ukingo wa nyuma wa zile nundu mbili za kifundo, ya ndani na ya nje. Kisha jaribu kupiga hatua nne, hata kwa kuchechemea. Ukiumia mfupa wenyewe unapobonyezwa, au hatua nne zikakushinda, piga eksirei. Yasipokuwapo yote mawili, uwezekano wa kuvunjika ni mdogo sana. Kipimo hiki hakimfai mtu aliyelewa, wala mgonjwa wa sukari ambaye miguu yake imeshakufa ganzi, kwa kuwa huenda asihisi maumivu. Na kama mguu umepinda waziwazi, hakuna cha kupima hapo. Nenda hospitali.

Mama mkwe anataka mume wangu akandwe kwanza kwa mzee anayeunga mifupa. Nimwambieje bila kumvunjia heshima?

Mwambie kukanda kutasubiri picha. Wazee hao wameshawasaidia wengi wenye misuli iliyokaza, na sioni haja ya kuwabeza. Lakini mfupa uliovunjika una ncha kali, na kuusugua kunaweza kuchana mishipa ya damu na ya fahamu au kuutoboza nje ya ngozi. Jambo linalonitia hofu zaidi ni gango la fito lililokazwa kwa nguvu huku mguu ukiendelea kuvimba. Damu haipiti, na misuli huanza kufa kwa saa chache tu. Dalili zake ni maumivu yanayozidi badala ya kupungua, maumivu makali vidole vinaponyooshwa, ganzi, na vidole baridi au vilivyobadilika rangi. Plasta ya hospitali nayo inaweza kubana vivyo hivyo, kwa hiyo ukiona dalili hizo rudi usiku huohuo. Usingoje siku ya kliniki.

Wakati mnasubiri gari, uacheni mguu ulivyo, ufungieni kitu kigumu pembeni bila kukaza, na kidonda kifunikeni kwa kitambaa safi. Msirudishe mfupa ndani. Wala msimpe chai na mahamri akajaza tumbo, kwa sababu huenda akahitaji nusu kaputi.

Kwa nini daktari anataka kuweka chuma? Jirani yetu alifungwa plasta tu na leo anatembea.

Huenda jirani alivunjika nundu ya nje peke yake, mfupa haukusogea, na kiungo kilibaki imara. Huyo plasta au kiatu maalumu humtosha, na kumpasua kungekuwa kumtafutia kidonda bure.

Kifundo ni mlango ndani ya fremu. Mfupa wa muundi na mfupa mwembamba wa pembeni, fibula, ndiyo fremu. Mfupa wa chini yake, talasi, ndio unaocheza ndani. Mwaka 1976 Ramsey na Hamilton walionyesha kwamba talasi ikisogea nje milimita moja tu, eneo la mifupa kugusana hupungua kwa asilimia 42. Uzito uleule sasa unabebwa na sehemu ndogo zaidi, gegedu, yaani tabaka laini linalofunika ncha za mifupa, linasagika, na miaka kadhaa baadaye mtu anapata kifundo kinachouma kila hatua. Ndiyo sababu nundu zote mbili zikivunjika, au kano zinazoshika muundi na fibula zikikatika, daktari wa mifupa hufungua, akairudisha mifupa mahali pake, akaishika kwa bamba na skrubu. Mwulize swali moja: kiungo ni imara au si imara? Jibu lake lina uzito kuliko idadi ya vipande kwenye picha.

Mfupa wa paja ni habari nyingine. Kwa mtu mzima, kwa kawaida huwekewa msumari mrefu ndani ya mfupa wenyewe. Shirika la SIGN la Marekani, lililoanzishwa 1999, lilibuni msumari unaoweza kuwekwa bila mashine ya eksirei ndani ya chumba cha upasuaji, na umesaidia sana hospitali za nchi kama yetu.

Amelazwa siku ya tano na hajaingia thieta. Wanamsahau?

Pengine wanangoja ngozi. Ngozi ya kifundo ni nyembamba, na ikichanwa ikiwa imevimba na kujaa malengelenge, kidonda hakifungi na usaha unaingia hadi kwenye chuma. Hivyo mguu huinuliwa juu ya mito hadi mikunjo ya ngozi irudi, jambo linaloweza kuchukua wiki moja hadi mbili. Kuna wasioweza kungoja: mvunjiko wenye kidonda, kiungo kilichochomoka na hakirudi, na mguu usiopata damu. Mwenye kidonda anastahili dawa za kuua bakteria mapema iwezekanavyo, ndani ya saa ya kwanza ikiwezekana, pamoja na sindano ya pepopunda. Hilo unaruhusiwa kuliulizia mlangoni.

Kwenye fomu wameandika S82.8 na V29. Ni nini?

Ni misimbo ya ICD-10, orodha ya Shirika la Afya Duniani inayompa kila ugonjwa na jeraha herufi na tarakimu. S ni majeraha, na S82 ni mivunjiko ya mguu chini ya goti pamoja na kifundo. S82.5 ni nundu ya ndani, S82.6 ya nje, na S82.8 ndimo zinamoingia nundu mbili au tatu zikivunjika pamoja. S72 ni paja, S52 ni mkono chini ya kiwiko. Herufi V hueleza ajali: V20 hadi V29 ni aliyepanda pikipiki, awe dereva au abiria. Tuktuk ina kundi lake, V30 hadi V39, pamoja na magari mengine ya magurudumu matatu. Orodha mpya, ICD-11, ilianza kutumika rasmi Januari 2022, na humo mguu huu unaitwa NC92. Ukiona misimbo miwili tofauti kwa jeraha moja, usidhani umeibiwa.

Msimbo hutoka kwenye maneno ya daktari. Anayeuandika hakuuona mguu wako, anasoma faili tu. Na kanuni ya orodha inasema hivi: mvunjiko usioandikwa kama una kidonda au hauna huhesabiwa kuwa hauna. Kwa hiyo mtu ambaye mfupa wake ulitoka nje, akasafishwa thieta na kuchomwa dawa siku kadhaa, anaweza kuonekana kwenye karatasi kama aliyevunjika ndani kwa ndani, na mwenye kulipa akahoji dawa zote hizo ni za nini. Soma faili au mwombe nesi akusomee. Angalia mambo matatu: ni mguu gani, una kidonda au hauna, na ni mifupa ipi iliyovunjika.

Dada yangu yuko Marekani, bili yake ina S82.842A na 27814. Anasema hata wenzake hawaelewi.

Marekani wana toleo lao refu zaidi la ICD-10. Hiyo ya kwanza inasema: nundu mbili, mguu wa kushoto, mifupa imesogea. A ni matibabu yenyewe yanaendelea na hakuna kidonda. Akifika hatua ya kuangaliwa tu huku mfupa ukipona vizuri, herufi inakuwa D. 27814 ni msimbo wa kazi ya daktari, kutoka orodha ya CPT ya chama cha madaktari wa Marekani: upasuaji wa nundu mbili. Zikiwa tatu ni 27822, au 27823 ikiwa ukingo wa nyuma nao umewekewa chuma. Aangalie pia kama ametozwa kando kwa kliniki za kawaida za daktari aliyempasua. Kwa Medicare, bima ya serikali ya Marekani ambayo hasa ni ya wazee, ndani ya siku 90 za upasuaji huo, kliniki hizo zimo ndani ya bei.

SHA italipa?

SHA, mamlaka ya bima ya afya ya serikali ya Kenya, ilichukua nafasi ya ile ya zamani, NHIF, tarehe 1 Oktoba 2024. Kujiandikisha peke yake hakutoshi, michango nayo iwe imelipwa: asilimia 2.75 ya kipato, isiyopungua shilingi 300 kwa mwezi. Uliza ofisi ya bima ya hospitali, kabla ya siku ya upasuaji, kama idhini imeombwa, na kama chuma chenyewe kimo ndani ya malipo au familia inakinunua.

Chuma kitatolewa lini?

Kisipokusumbua, kinaweza kubaki maisha yako yote.

Na atakanyaga lini?

Kifundo cha mtu mzima huunga kwa wiki sita hadi nane hivi, ila ruhusa ya kukanyaga hutoka kwa aliyempasua, kulingana na chuma alichoweka na picha ya kliniki. Sigara hupunguza damu inayofika kwenye mfupa na kuchelewesha kuunga. Mwenye sukari huongezewa muda, mara nyingi maradufu, na kipimo chake cha sukari kina kazi kubwa kuliko supu ya kongoro mnayompelekea, ingawa supu nayo mpelekeeni. Magongo ayapimishe: ncha ya juu ibaki vidole viwili au vitatu chini ya kwapa, na uzito aubebe kwa viganja.