Picasso hakuzama na Titanic

Dhana: Titanic ilizama na picha ya mchoraji Picasso.

Dhana hii imetokana na filamu maarufu ya 1997, *Titanic*, ambamo abiria anafungua mizigo na kutoa picha inayofanana mno na *Les Demoiselles d'Avignon* ya Picasso. Mwaka 1912 picha hiyo ilikuwa bado kwa Picasso mwenyewe, Paris. Leo iko MoMA, jumba la makumbusho la sanaa ya kisasa, New York.

Picha iliyozama kweli ni *La Circassienne au Bain* ya Mfaransa Merry-Joseph Blondel. Mwenye picha hiyo, abiria Mauritz Håkan Björnström-Steffansson, alinusurika akadai fidia ya dola 100,000, dai kubwa kuliko yote kwa kitu kimoja. Hiyo ilikuwa mali ya abiria, si ya meli. Picha iliyokuwa mali ya meli yenyewe ilionyesha bandari ya Plymouth, kazi ya Norman Wilkinson, juu ya meko katika chumba cha kuvutia sigara cha daraja la kwanza. (Huyu Wilkinson ndiye aliyekuja kubuni ile michirizi iliyopakwa melini kuwapotosha manahodha wa nyambizi katika Vita Kuu ya Kwanza.)

Dhana: Hazina za Normandie, meli ya abiria ya Ufaransa, ziliteketea zote.

Meli iliungua kweli, New York, tarehe 9 Februari 1942. Cheche za mafundi waliokuwa wakiigeuza kuwa meli ya kubebea askari ziliangukia majaketi ya kuokolea, na maji ya zimamoto yakaizidi uzito hadi ikalala ubavu. Lakini sanaa nyingi ilikuwa imeshateremshwa. Kuta za Jean Dupas zenye historia ya usafiri wa baharini zilichorwa nyuma ya vioo kwa rangi, dhahabu na fedha; sehemu yake iko Metropolitan Museum. Milango ya ukumbi wa chakula, kazi ya Raymond Subes, imo katika kanisa kuu la Wamaroni (Wakatoliki wenye asili ya Lebanon), Brooklyn, ambako waumini huipita wakienda kusali.

Dhana: Jina kubwa la msanii lilitosha kazi yake ipokelewe melini.

Muulize mchoraji Mwingereza Duncan Grant. Kampuni ya meli ya Cunard ilimwagiza picha za kupamba meli yake Queen Mary, kisha mwaka 1936 ikazikataa. Binafsi naona ramani ya MacDonald Gill ilielewa kazi yake vizuri zaidi: kwenye ukuta wa ukumbi wa chakula wa meli hiyo hiyo, kijimeli cha kioo kilisogea juu ya Atlantiki, chenye njia yake ya kiangazi na ya kipupwe, kuwaonyesha walaji walipofika. Meli iko Long Beach, California, tangu 1967, na ramani ingali humo.